Stesheni Masta wa Chumba Namba Tisa

Kokushubila alikuwa mtu wa mabasi. Kutoka Merrylands, alikoishi na mumewe Ludovick na binti yao, hadi Seven Hills alikofanya kazi, mtu mwingine yeyote angepanda treni. Yeye alipanda basi mpaka Parramatta, akashuka, akasimama kituoni na mwavuli wake, akapanda la pili, na siku za mvua barabara zikifungana aliingia kazini anahema kwa hofu ya kuchelewa. Mwaka wa kwanza walipohamia Sydney, Ludovick alimuuliza kwa nini anajitesa hivyo. Akamjibu kwamba treni zinamtia kichefuchefu. Ludovick ni mtu mpole asiyependa kuchokonoa mambo ya mtu. Akaamini, na habari ikaishia hapo kwa miaka sita.

Si kwamba alikuwa na ugomvi na treni zenyewe. Alichokiogopa ni stesheni: jukwaa refu lenye watu wengi wasiokujua, kila mmoja akiwa na nafasi ya kukutazama, na wewe huna pa kwenda ila relini. Akifikiria tu kusimama pale, kijasho chembamba kilimtoka kwenye viganja.

Kazi yake ilikuwa kuhudumia wazee katika nyumba moja ya kutunzia wazee, upande wa waliopotewa na kumbukumbu. Aliwaogesha, akawavisha, akawalisha wasioweza kushika kijiko. Aliipenda kazi ile. Tatizo lake lilikuwa moja tu, kwamba stesheni haikuwa mbali, na upepo ukivuma kutoka upande ule, sauti ya matangazo ya treni iliingia mpaka kwenye chumba cha kulia.

Jumanne moja ya mwezi wa tatu, Zilpah, muuguzi Mkenya aliyesimamia shifti ya asubuhi, alimwita kando.

"Koku, kuna mzee ameletwa jana jioni, chumba namba tisa. Ni Mhindi. Si wewe ulisomea huko? Kuja utusaidie, kwa sababu tangu aamke anaongea Kihindi peke yake na hatuelewi kitu."

"Nilisoma, lakini si sana, Sista Zilpah. Lugha imeshanitoka."

"Hata hiyo kidogo itasaidia. Anaitwa Mzee Saxena. Binti yake anasema alikuwa stesheni masta. Ametumikia reli miaka thelathini na moja, mji mmoja mdogo huko kaskazini."

Koku alishika ukuta. Zilpah hakuona, alikuwa tayari amegeuka na toroli lake la dawa.

Alipofungua mlango wa chumba namba tisa, alimkuta mzee mwembamba, mrefu, amekaa ukingoni mwa kitanda akiwa amevaa shati jeupe lililofungwa vifungo mpaka shingoni. Miwani yake ilikuwa imefungwa kwa uzi nyuma ya kichwa. Alipomwona Koku alisema neno moja.

"Baitho."

Maana yake ni keti. Ni neno la kawaida kabisa, ambalo mwenye nyumba humwambia mgeni. Lakini Koku alirudi nyuma hatua mbili, akaufunga mlango, akaenda chooni akajifungia humo.

Sasa inabidi nieleze yaliyompata huko India, maana hakuna mtu wa Sydney aliyekuwa akiyajua, hata mumewe.

Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, mwaka wa tatu wa masomo ya famasia katika chuo kimoja cha Haryana. Likizo ya mwezi wa sita, joto likiwa kali kiasi cha lami kulainika, alipanda treni kwenda kumtazama Raheli, Mtanzania mwenzake aliyekuwa amelazwa hospitali mji mwingine. Njiani treni ilisimama kwenye stesheni ndogo isiyo hata na paa la maana. Jukwaa moja, bomba la maji, muuza chai mmoja, mbuzi wawili wamelala kwenye kivuli cha mizani ya mizigo. Abiria walisema itakaa dakika ishirini. Koku alishuka ajaze chupa yake. Alikuwa bado ameinama bombani aliposikia mabehewa yanagongana. Alikimbia, mkono wake ukafika kwenye nondo ya mlango, ukateleza, na treni ikaenda zake na begi lake.

Alikaa kwenye benchi. Mwanamke mmoja alipita, akamtazama, akamvuta mtoto wake upande wa pili. Mwingine akasimama. Baadaye wakaja vijana watatu na pikipiki, wakazima injini. Alichokuja kujua baada ya siku nyingi ni kwamba wiki ile mtoto mmoja alikuwa amepotea katika mji ule, na uvumi ulikuwa umeenea kwamba watu weusi huiba watoto na kuwala. Wakati ule hakujua lolote. Aliona tu kwamba walikuwa watano, kisha kumi na tano, kisha hakuweza kuhesabu tena, na duara lilikuwa likijifunga. Mtu mmoja aliuliza kitu kwa ukali. Alijibu kwa Kihindi chake cha dukani kwamba yeye ni mwanafunzi. Wakacheka. Mkono ukamshika nywele kutoka nyuma, zikang'oka pamoja na ngozi. Kofi. Teke la mgongoni. Alipoanguka aliona viatu tu, ndala na makubazi na miguu mitupu, na akawaza kwa utulivu wa ajabu kwamba mama yake hataambiwa amefia wapi.

Aliyemtoa pale alikuwa stesheni masta. Alikuja akipiga filimbi mfululizo, akapenya, akamshika Koku kifundo cha mkono na kumburuta mpaka kwenye chumba cha kuwekea taa na bendera. "Baitho," akamwambia. Kisha akatoka, na Koku akasikia komeo likifungwa kwa nje.

Hilo la komeo kufungwa kwa nje ndilo lililomwandama maisha yake yote. Alikaa mle saa tatu, kwenye giza lenye harufu ya mafuta ya taa, bila kujua kama amefichwa au amehifadhiwa ili waje wamchukue. Walipiga mlango kwa mawe. Walipiga bati la paa. Katikati ya makelele aliisikia sauti ya yule bwana ikizungumza nao kwa upole, kwa muda mrefu, kama mtu anayepatana bei, na kila sauti ile iliponyamaza Koku aliamini kwamba sasa wamekubaliana. Alijikojolea. Alisali sala zote alizofundishwa Bukoba, zikaisha, akaanza upya. Mwishowe komeo likafunguliwa, na nje palikuwa na treni ya mizigo iliyosimamishwa kwa bendera nyekundu, mlango wa behewa la mwisho ukiwa wazi. Yule bwana alimsukuma ndani. "Jao," alisema. Nenda. Koku hakumwambia asante, hakumuuliza jina, hata uso wake hakuutazama vizuri. Alichokumbuka ni miwani iliyofungwa kwa uzi.

Mwezi uleule aliacha chuo akarudi nyumbani. Aliwaambia wazazi kwamba masomo yamemshinda.

Basi baada ya kumwona mzee wa chumba namba tisa, kitu cha kwanza alichofanya Koku alipopata nafasi ni kulifungua faili lake. Si yeye. Mzee Saxena alikuwa ameongoza stesheni nyingine, jimbo jingine, na alikuwa amestaafu miaka kadhaa kabla Koku hajafika India. Alisoma mistari ile mara tatu. Akili ilikubali. Mwili ulikataa.

Angeweza kuomba abadilishiwe wazee. Hakuomba, kwa sababu angeulizwa sababu.

Siku zilivyopita aligundua jambo ambalo hakulitarajia. Mzee naye alikuwa akiogopa. Wahudumu wote hubisha hodi kabla ya kuingia chumba cha mzee, ndiyo heshima ya kazi ile. Lakini ukibisha hodi chumba namba tisa, ulimkuta mzee amejibanza nyuma ya kabati, mikono imeziba masikio, anapumua kama mtu aliyekimbizwa. Wengine walidhani ni ugonjwa tu. Koku alimtazama akajua ile si hofu ya mgonjwa. Aliijua kwa sababu alikuwa nayo. Akaacha kubisha. Akawa anaimba polepole tangu kona ya korido, wimbo wowote wa kanisani, ili mzee ajue kuna mtu anakuja, na mzee akaanza kumngojea amekaa.

Alimwita Babuji, yaani baba, kwa heshima. Kihindi kilianza kumrudia kidogo kidogo. Maneno mengine hata hayakuhitaji kurudi: chai ni chai, na mzee akisema *gaadi* Koku alisikia gari, maana ni neno lilelile lililovuka bahari zamani. "Gaadi imechelewa?" mzee alikuwa akiuliza kila upepo ulipoleta sauti ya stesheni. "Imechelewa, Babuji," Koku alimjibu, na moyo wa mzee ukatulia.

Kulikuwa na asubuhi ambazo akili yake ilikuwa safi kama maji. Asubuhi moja ya namna hiyo, Koku akimnyoa ndevu, mzee alianza kuzungumza kwa Kiingereza chake cha ofisini, taratibu, akichagua maneno.

Alisema ilikuwa mwaka wa themanini na nne, mwezi wa ghasia, baada ya waziri mkuu kuuawa na walinzi wake wa Kisingasinga. Alikuwa bado msaidizi, stesheni masta mwenyewe amekwenda msibani. Treni ya mchana iliingia, na watu wenye marungu walikuwa wakiingoja, wakitafuta Masingasinga. Kijana mmoja mwenye kilemba aliruka kutoka behewani akakimbilia ofisini. Mlango ulikuwa umefungwa kwa komeo, na aliyekuwa ndani ni yeye, Saxena, peke yake. Kijana alibisha. Alibisha kwa mikono miwili. Alisema, kaka, fungua.

Koku aliacha kunyoa. Wembe ulikuwa hewani.

"Ukafungua, Babuji?"

Mzee alimtazama kwenye kioo. Povu lilikuwa limekauka shavuni.

"Mkono wangu ulikuwa juu ya komeo," alisema. "Ulikuwa juu yake muda wote."

Koku alimalizia kumnyoa, akamfuta uso, akamvisha shati. Alipotoka alijikuta hajui anachohisi. Alitaka kumchukia na hakuweza. Alitaka kumhurumia, na mbele yake akaona mlango, kijana akiwa upande wa nje na yeye, Koku, upande wa ndani. Siku ile basi lake lilifika Merrylands akapitiliza vituo vinne.

Ilikuwa Alhamisi, wiki mbili baadaye, saa tisa kasoro dakika chache alasiri. Mtu wa kuleta mashuka alikuwa ameingia na toroli, mlango mkubwa wenye namba za siri ukachukua muda kujifunga nyuma yake. Hakuna aliyemwona mzee akitoka. Koku alipokwenda na chai, chumba namba tisa kilikuwa kitupu, na taulo jekundu la bafuni halikuwepo.

Zilpah alikusanya watu. "Wewe nenda ile paki ya kupumzikia. Nyinyi wawili mzunguke maduka. Mimi napigia polisi na binti yake. Koku, angalia hapa nyuma kwa bustani."

"Hayuko bustanini," Koku alisema. "Ameenda stesheni."

"Basi kimbia! Unangoja nini?"

Alikuwa akingoja miguu yake. Alitaka kusema, tuma mtu mwingine. Kila mtu mwingine alikuwa ameshatoka. Akafungua mlango, akaanza kutembea, kisha akakimbia, sapatu za kazi zikipiga lami, na njia nzima alikuwa akijiambia kwamba atamkuta kabla hajafika, pale kwenye taa za barabarani, pale kwenye kona, kwamba haitambidi kuingia. Hakumkuta kwenye taa wala kwenye kona.

Katikati ya ngazi alisimama. Chini yake palikuwa na jukwaa, na lilikuwa limejaa, kwa sababu shule zilikuwa zimetoka. Sare za bluu, mabegi, kelele. Katikati, karibu na ukingo, watu walikuwa wamefanya duara.

Aliketi kwenye ngazi bila kukusudia, mkono umeng'ang'ania bomba la kushikia, na kwa muda ambao hakuweza kuupima hakuwa Sydney. Alisikia harufu ya mafuta ya taa. Kichwa kilimwaka pale ambapo nywele hazikuota tena sawasawa. Mwanamke aliyekuwa akipanda alimuuliza kama yuko salama. Alichotaka ni kurudi juu, aende zake, avue ile sare, asirudi tena Seven Hills. Hilo alinieleza mwenyewe bila kuficha: alitaka kuondoka, na aligeuka kweli, akapanda ngazi mbili.

Kisha akasikia kicheko kutoka kwenye lile duara.

Hakukumbuka alivyoshuka. Alikumbuka migongo. Aliisukuma kwa viwiko, akasema samahani, akasema nipisheni, akapaza sauti ambayo hakujua anayo. Vijana wanne watano walikuwa wameinua simu wakirekodi. Hawakuwa watu wabaya, ni watoto wa shule walioona kichekesho: mzee mwenye shati jeupe, bila viatu, amevuka mstari wa njano, ameshika taulo jekundu kwa mikono miwili na kulipungia reli. Mfanyakazi wa stesheni mwenye koti la rangi ya machungwa alikuwa akimsogelea mkono umenyooshwa, akimwambia arudi nyuma, na kila aliposogea hatua moja mzee alirudi nyuma hatua moja, na nyuma yake hapakuwa na hatua nyingi zilizobaki. Kwenye kipaza sauti sauti ya mwanamke ilitangaza kwamba treni inayokuja haitasimama, wote wakae mbali na ukingo.

"Usimshike!" Koku alimwambia mfanyakazi yule kwa Kiingereza. "Tafadhali. Wote rudini nyuma. Anaogopa watu."

"Wewe ni nani kwake?"

"Namtunza. Warudishe nyuma."

Yule bwana alimtazama, akatazama beji yake, akageuka na kuanza kuwaondoa wanafunzi. Duara likalegea. Koku akabaki na mzee, nafasi ya kitanda kimoja kati yao. Hakuthubutu kusogea. Akaanza kuimba, ule wimbo wa korido, sauti ikikatika kila neno.

Mzee aligeuza kichwa.

"Lazima niisimamishe," alisema kwa Kihindi. "Wanakuja. Kijana yuko wapi?"

Reli zilianza kulia, ule mlio mwembamba unaotangulia treni. Koku alikuwa amefundishwa kwamba mzee aliyepotewa na kumbukumbu asibishiwe, afuatwe kule akili yake iliko. Lakini si mafunzo yaliyomjia wakati ule. Alijibu alichotaka yeye mwenyewe kiwe kweli.

"Yuko ndani, Babuji. Kijana yuko ndani. Ulifungua, akaingia."

"Mlango?"

"Nimeufunga. Hawawezi kuingia." Akaunyoosha mkono. "Gaadi imechelewa. Njoo. Njoo uketi. Baitho."

Mzee aliutazama ule mkono kwa muda mrefu kupita kiasi. Mwishowe akaushika, na Koku akamvuta, si kwa upole, akamvuta kwa nguvu zake zote mpaka wote wawili wakagonga ukuta wa chumba cha kusubiria. Treni ikapita. Upepo wake ukalichukua taulo jekundu. Mzee aliuficha uso begani mwa Koku, na Koku, aliyekuwa akilia kwa sauti kama mtoto bila kujali nani anarekodi, akamkumbatia mpaka behewa la mwisho lilipopita.

Zilpah aliwakuta wamekaa chini, migongo ukutani. Akavua sweta yake, akamfunika mzee miguu. "Koku, wewe! Unatetemeka kuliko yeye. Pole, pole, imeisha."

Jioni ile Ludovick alikuja kumchukua kwa gari. Koku hakungoja wafike nyumbani. Alimwambia yote kwenye maegesho, kuanzia chupa ya maji hadi behewa la mizigo. Ludovick alizima injini. Mkewe alipomaliza, akashika usukani kwa mikono yote miwili akauliza, "Miaka yote hii, ulikuwa unalala vipi?"

"Vibaya," Koku alisema.

Mambo hayakuwa mepesi baada ya hapo. Mlango mkubwa ulibadilishwa namba, ripoti zikaandikwa. Sunanda, binti wa mzee, mwanasheria, mwanamke wa haraka haraka, alikuja amechanganyikiwa kwa hofu na hasira. Alimkumbatia Koku, akamshukuru. Akauliza baba yake alikuwa akifanya nini pale ukingoni, na Koku, ambaye siku zile alikuwa amechoka kuficha mambo, akamweleza habari ya kijana wa Kisingasinga.

Sunanda alibadilika rangi. "Baba yangu hajawahi kumkosea mtu. Ni mgonjwa. Anaota, na wewe unamjazia kichwa. Umemwambia uongo gani mwingine?" Siku iliyofuata aliomba kwa maandishi kwamba mhudumu huyo asiingie tena chumba cha baba yake.

Koku akahamishiwa upande mwingine wa jengo. Aliumia, ingawa hakuona cha kulaumu. Nani atapenda kusikia hivyo juu ya baba yake? Lakini mara nyingine akipita na mashuka alisikia hodi ikipigwa chumba namba tisa, na baada ya hodi ukimya ule aliokuwa akiujua. Hofu yake mwenyewe nayo haikumtoka. Daktari alimpa mtu wa kuzungumza naye kila Jumatatu. Jumapili mbili yeye na Ludovick walikwenda kusimama kwenye jukwaa la Merrylands dakika kumi, wakatazama treni zikipita, wakarudi nyumbani; mara ya kwanza alitapika kwenye pipa la taka, mara ya pili hakutapika.

Mwezi wa nane, kwenye baridi, Sunanda alimkuta chumba cha wafanyakazi wakati wa mapumziko. Hakuwa amejipodoa. Alisimama mlangoni.

"Dada, naweza kuingia?"

Koku alimsogezea kiti.

"Amenieleza mwenyewe kwamba hakufungua," Sunanda alisema. "Jana. Kwa Kiingereza, akili zake zote zikiwa sawa. Alinieleza mpaka rangi ya kile kilemba." Alitazama mikono yake. "Nilimpigia shangazi India. Anasema mama alijua. Kila mtu alijua ila mimi. Anasema baba hakulala kitandani mwaka mzima, alilala ofisini kule stesheni, mlango wazi."

Koku akammiminia chai.

"Na sasa hali chakula. Siku tatu. Nikibisha anajificha. Mimi, binti yake." Machozi yalimtoka bila sauti. "Sista Zilpah ananiambia wewe ulikuwa na namna yako. Najua nilichokufanyia. Nakuomba."

"Mimi nilimwambia uongo, ni kweli," Koku alisema. "Pale jukwaani. Sikuwa na kitu kingine."

"Najua. Nifundishe jinsi ya kuingia tu."

Koku alitazama saa ya ukutani. Alikuwa amebakiwa na robo saa ya mapumziko. Kiganja chake kilikuwa na jasho, kama kawaida, kwa kufikiria tu mlango ule. Akakifuta kwenye suruali, akasimama, akachukua sinia ya chakula cha mchana kwenye toroli, dengu na wali laini, akampa Sunanda aishike.

"Hatubishi," alimwambia wakiwa njiani. "Tunaanza kuimba tukiwa hapa kwenye kona. Wimbo wowote unaoujua."

Sunanda alifikiri, kisha akaanza, kwa sauti ya chini isiyo na uhakika, kitu ambacho Koku hakukijua. Walikwenda hivyo mpaka mwisho wa korido. Koku akausukuma mlango kwa bega.

Mzee alikuwa nyuma ya kabati. Alichungulia. Aliwatazama wote wawili, mmoja baada ya mwingine, na ikamchukua muda kutoka, akishika ukuta, mpaka akafika kitandani akaketi. Alikula nusu ya wali, na dengu zote.